Filamu fupi ya mapenzi, ugomvi na msiba: mwongozo kamili wa kuitengeneza ukiwa Dodoma

Mwongozo huu ni wa filamu ya dakika 8 hadi 12 inayohusu watu wawili waliopendana, wakagombana, na mwishowe wakapoteza kitu kisichorudi. Umepangwa kwa kikundi cha watu saba wenye kamera moja au simu nzuri, siku mbili na nusu za kushuti, na lokesheni tatu au nne ambazo bajaji inaweza kuzunguka bila kula nusu ya siku. Mahali ni Dodoma, kwa hiyo upepo, vumbi, mabati na majengo ya serikali vina nafasi yao humu.

Jambo moja linaongoza kila uamuzi: filamu fupi ya mapenzi inabebwa na lile ambalo wawili hawa wanashindwa kuambiana. Ukishalijua, utajua uandike nini, umchukue mwigizaji gani, kamera ikae wapi, na kwa nini saundi inastahili pesa kabla ya lenzi. Filamu nyingi za mapenzi zinazoshutiwa mitaani kwetu zinaanguka hapa. Kila mhusika anatapika yote yaliyo moyoni kwa sauti ya juu, na mtazamaji anabaki hana kazi.

Kisa kianze na kitu cha kushika mkononi

"Usaliti katika ndoa" ni kichwa cha semina, bado si kisa. Tafuta kitu kimoja ambacho wote wawili wanakitaka au wanakiogopa: daftari la kikoba, ufunguo wa chumba, simu ya marehemu ambayo bado inaingiza meseji, bahasha ya karatasi za kiwanja.

Dodoma ina visa vyake ambavyo mikoa mingine haina. Tangu mwaka 2016 serikali ilipoamua kuhamia huku kwa vitendo, kuna ndoa zinazoishi kwa nauli, mmoja Dodoma na mwingine Dar es Salaam. Mji ukapewa hadhi ya jiji Aprili 2018, na viwanja vya Ihumwa, Nzuguni na Mkonze vikageuka kuwa jambo ambalo mume na mke wanaweza kunyimana usingizi kwa ajili yake. Tangu 2024 treni ya reli ya kisasa (SGR) imefupisha safari, lakini haijamaliza maswali ya aliyebaki nyumbani. Hivyo ni visa vinavyotokea karibu nawe, na lokesheni zake hazihitaji kujengwa.

Tuchukue mfano mmoja na twende nao hadi mwisho. Sada anauza zabibu kwa jumla Soko la Majengo. Mumewe Yohana ni seremala, karakana yake iko Chang'ombe. Wamenunua kiwanja, na karatasi zake ziko kwenye bahasha ya kaki chini ya godoro. Mama yake Yohana anaugua, Yohana anauza kiwanja ili amtibu, na mama anamwapisha mwanawe asimwambie mkewe kwa sababu aliwahi kumkataa Sada mbele ya ukoo mzima na sasa anaona aibu kutibiwa kwa jasho lake. Yohana amefungwa mdomo na mama, Sada haelewi kwa nini anafichwa. Hapo ndipo ukimya wao unapopata sababu yenye nguvu. Kama sababu ya kunyamaza ni dhaifu, mtazamaji atajiuliza tangu dakika ya tatu kwa nini hawaongei tu yaishe, na filamu imekufa.

Gawa kisa katika sini sita (vipande vinavyotokea mahali pamoja na wakati mmoja), ukizipimia dakika mapema:

1. Usiku, wawili wanahesabu malipo ya mwisho ya kiwanja, wanafunga bahasha pamoja (dakika 1.5).
2. Jioni, Yohana anapokea simu nje ya karakana. Hatusikii upande wa pili (dakika 1).
3. Asubuhi, Sada anakuta bahasha imejaa vipande vya gazeti. Ugomvi (dakika 2.5).
4. Sada peke yake chumbani, anafunga nguo (dakika 1).
5. Msiba wa mama. Sada anakuja, na mkononi mwake zinaangukia risiti za hospitali (dakika 2).
6. Wawili wanasimama kwenye kiwanja ambacho sasa kina tofali za mtu mwingine (dakika 1.5).

Jumla ni dakika 9.5. Angalia sini ya kwanza: kile kitakachopotea lazima tukione kikipendwa kwanza. Waandishi wengi wanakimbilia ugomvi na kuacha mapenzi yasimuliwe kwa maneno ("tulikuwa tunapendana sana"). Dakika moja na nusu ya watu wawili wakicheka juu ya noti zilizokunjwa inatosha kuufanya ugomvi uume.

Hakikisha pia kisa chako kinajua ndoa za Tanzania zinavyokwenda. Watu hawatoki ugomvini wakaingia mahakamani kesho yake. Kuna mshenga, wazee, viongozi wa dini, na chini ya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 shauri la talaka kwa kawaida hupita kwanza kwenye bodi ya usuluhishi wa ndoa. Sheria hiyohiyo inatambua dhana ya ndoa kwa waliokaa pamoja miaka miwili au zaidi huku jamii ikiwaona kama mume na mke. Na tangu hukumu ya Mahakama ya Rufani ya 1983 katika shauri la Bi. Hawa Mohamed dhidi ya Ally Seif, kazi za nyumbani za mke huhesabiwa kama mchango katika mali ya ndoa. Mhusika anayemwambia mkewe "hukuchangia hata tofali moja" anaweza kusema hivyo kwa hasira, lakini wewe mwandishi ujue kwamba anakosea, maana watazamaji wengi wanajua.

Kuandika skripti

Ukurasa mmoja uliopangwa vizuri ni takriban dakika moja ya filamu, hivyo skripti yetu isizidi kurasa kumi. Kila sini ianze na kichwa kinachosema ndani au nje, mahali na wakati: NDANI. CHUMBA CHA SADA. ASUBUHI. Andika kinachoonekana na kinachosikika tu. "Sada anakumbuka utoto wake" haiwezi kushutiwa.

Mazungumzo ndiyo yanayohitaji kufanyiwa kazi kuliko yote. Hivi ndivyo ugomvi unavyoandikwa mara ya kwanza:

SADA: Yohana! Umeuza kiwanja chetu bila kuniambia! Mimi ni mke wako wa ndoa, nimehangaika na jua la sokoni miaka sita!
YOHANA: Nisamehe mke wangu, nilikuwa na matatizo ambayo siwezi kukuambia!

Kila kitu kimesemwa na hakuna kilichobaki cha kuchezwa. Jaribu hivi, tukijua Sada ameshaifungua bahasha na Yohana hajui kwamba ameifungua:

SADA: (anamimina chai) Ile bahasha umeihamisha?
YOHANA: Ipi?
SADA: Ya kaki.
YOHANA: (anafunga kamba za kiatu) Si ipo.
SADA: Ipo wapi?
YOHANA: Sada, nachelewa. Kuna mtu anasubiri kitanda.
SADA: Kunywa chai basi.

Yohana hanywi. Sada anairudisha chai kwenye chupa. Ugomvi wenyewe ulipuke baada ya hapo, na usizidi mistari sita ya kelele. Soma mazungumzo kwa sauti ukiwa na saa mkononi, kisha futa kila mstari ambao mhusika anaeleza jambo ambalo mwenzake tayari analijua.

Kama kuna wazee wanaozungumza Kigogo, Kirangi au Kinyaturu, waandikie kwa lugha yao na uweke tafsiri chini ya picha. Bibi wa Kigogo anayemkaribisha mkwe kwa "mbukwa" anabeba uzito ambao Kiswahili cha televisheni hakina. Mpe mzee wa lugha hiyo aisome mistari kabla ya mazoezi. Makosa ya lugha ya kabila hayasameheki mtaani.

Vibali, kabla hujakodi chochote

Filamu Tanzania inasimamiwa na Bodi ya Filamu kwa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976. Unaomba kibali kabla ya kushuti ukiwa na skripti na muhtasari, na filamu ikikamilika unaipeleka ikakaguliwe na kupangiwa daraja la umri kabla ya kuionesha hadharani. Omba mapema, usingoje wiki ya kushuti.

Ngazi ya chini ni mwenyekiti na mtendaji wa mtaa. Peleka barua yenye tarehe, saa, idadi ya watu na kinachoshutiwa, na usisahau kutaja kelele za ugomvi. Majirani wakisikia mwanamke analia na vyombo vinavunjika watakuja, na ni vizuri kwamba watakuja. Wape taarifa.

Dodoma ni makao makuu. Usielekeze kamera kwenye Bunge, Mji wa Serikali Mtumba, Ikulu ya Chamwino, kambi za jeshi, uwanja wa ndege au stesheni bila ruhusa ya wenye mahali. Droni inahitaji kibali chake, na mamlaka ya anga ni TCAA. Kwa filamu ya chumba kimoja na ukimya wa watu wawili, droni haina kazi. Iache.

Waigizaji

Tafuta wawili wanaojua kusikiliza. Kwenye usaili, usiwape kilio. Wape beseni la mchele wachambue pamoja dakika tatu bila kusema neno, mmoja akiwa ameambiwa kwa siri kwamba mwenzake amemdanganya. Yule ambaye mikono yake inabadilika bila uso kubadilika ndiye unayemhitaji. Anayekunja sura na kuvuta pumzi kwa nguvu atakupa kazi ya kumtuliza siku nzima.

Fanya mazoezi mara tatu ya saa mbili. La kwanza ni kusoma mezani na kukubaliana nani anajua nini katika kila sini. La pili ni mwendo: nani amekaa, nani amesimama karibu na mlango, chai iko mkono gani. La tatu lifanyike kwenye chumba chenyewe, kwa sababu chumba cha mita tatu kwa tatu kinabadilisha kila kitu ulichopanga ukumbini.

Kofi lisipigwe kweli. Mpigaji apitishe mkono sentimita 20 mbele ya uso, kamera ikae nyuma ya bega la mmoja wao ili mwanya huo usionekane, anayepigwa ageuze kichwa mkono unapopita, na mlio uwekwe wakati wa kuhariri. Mguso wowote wa kimapenzi ukubaliwe na wote wawili kwenye mazoezi, uandikwe, na siku ya kushuti usiongezwe kitu. Kama mwigizaji ana mchumba au mwenzi, mwombe amwambie mapema. Sini zimewahi kufutwa kwa sababu ya mtu aliyekuja kwenye lokesheni kwa hasira. Malipo, saa za kazi na haki ya kutumia picha ziwe kwenye karatasi iliyosainiwa, hata kama waigizaji ni ndugu.

Machozi yasilazimishwe. Mwigizaji anayejizuia kulia anagusa kuliko anayemwaga. Kama lazima yaonekane, dawa ya mentholi ipakwe kidogo chini ya jicho, isiingie ndani.

Majira na mwanga wa Dodoma

Mvua hunyesha msimu mmoja, kuanzia mwishoni mwa Novemba au Desemba hadi Aprili. Baada ya hapo ni kiangazi kirefu. Januari hadi Machi mji ni kijani. Kufikia Julai ardhi ni kahawia na mibuyu iko wazi. Usishuti nusu ya filamu Aprili na nusu Agosti, kwani hakuna uhariri utakaoficha. Mizabibu huvunwa mara mbili kwa mwaka, hivyo kama unataka makreti ya Sada yawe na zabibu za kweli, uliza wakulima wa Hombolo au Mpunguzi kabla ya kupanga tarehe.

Jua huchomoza kati ya saa 12:10 na 12:50 asubuhi kutegemea mwezi, na kuzama kati ya saa 12:25 na saa 1 jioni. Likishazama, una dakika kama ishirini tu za mwanga wa kutumika. Kuanzia saa 5 hadi saa 9 jua liko utosini na macho ya mwigizaji yanageuka mashimo meusi. Muda huo shuti ndani, au kula.

Ndani ya vyumba vyetu tatizo kubwa ni ukuta mweupe. Kamera inaupima ukuta na kuitia giza ngozi. Msogeze mwigizaji angalau mita moja na nusu kutoka ukutani, mkalishe ubavu kwa dirisha, tundika kitambaa cheusi upande wa pili, na upime mwanga kwenye uso wake. Kwa sini ya usiku acha taa ya chumbani iwake, ongeza taa moja ya LED ikipitia kwenye shuka jeupe, mita mbili kutoka kwa waigizaji. Ukiweka taa tatu chumba kitafanana na duka.

Kamera

Weka fremu 25 kwa sekunde na shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, na shata nyingine, kwa mfano 1/60, inaweza kuleta michirizi inayopepesuka kwenye taa. Funga rangi (mpangilio wa "white balance"): 5600 kwa mwanga wa jua, 3200 kwa balbu za njano. Ukiiachia simu ijipangie, rangi ya uso itabadilika katikati ya mstari wa mazungumzo na huwezi kuirudisha. Kwa simu, programu ya Blackmagic Camera ni ya bure na inakuruhusu kufunga vyote hivi.

Nje kwenye jua kali shata ya 1/50 itaunguza picha. Unahitaji kichujio cha kupunguza mwanga, ND64 kwa lenzi yenye tundu la f/2.8 na ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) 100. Simu yenye f/1.8 na ISO 50 itahitaji kati ya ND64 na ND128.

Mpango wa picha kwa kisa chetu ni huu. Sini ya kwanza waweke wawili ndani ya fremu moja, mabega yanagusana. Ugomvi uanze hivyohivyo, lakini Yohana anaposema "nachelewa" watenganishe, kila mmoja na fremu yake, na usiwarudishe pamoja hadi kiwanjani. Mtazamaji hatakitaja kitu hicho, ila atakisikia. Kamera ibaki upande mmoja wa mstari unaowaunganisha wawili wanapoongea. Ukiuvuka, wataonekana wanatazama upande mmoja badala ya kutazamana. Na kwa kila mstari mzito, chukua pia uso wa anayesikiliza, mstari mzima, bila kukata.

Hifadhi: picha ya megabiti 100 kwa sekunde (Mbps 100) hula MB 750 kwa dakika. Ukichukua dakika 80 kupata filamu ya dakika kumi, ni GB 60. Kila mchana na kila usiku nakili kwenye diski mbili, kila moja ilale nyumba tofauti. Usifute kadi hadi nakala zote mbili zimefunguliwa na kuchezwa. Lenzi isibadilishwe nje kwenye upepo wa Julai, vumbi jekundu likiingia ndani ya kamera litakufuata hadi sini ya mwisho.

Saundi

Filamu iliyojengwa kwa ukimya inaanikwa na saundi mbovu. Mtazamaji atavumilia picha yenye giza kidogo, lakini asiposikia Sada anavyoweka kikombe mezani, sini imepotea. Kama pesa inatosha kitu kimoja tu, nunua au kodi kinasa sauti na maiki ya bumu (inayoshikwa kwa fimbo ndefu) kabla ya lenzi.

Jambo la kwanza ni kuzima marekebisho ya sauti ya kujiendesha kwenye kamera au kinasa. Yakiwa yamewashwa, waigizaji wakinyamaza mashine inadhani sauti imepungua, inaipandisha, na ukimya wako unageuka kuwa mvumo wa "shhh". Weka mwenyewe: mazungumzo ya kawaida yapige karibu na -12 dB kwenye mita ya kinasa, na kinasa kiwe kwenye kilohezi 48, biti 24. Kabla ya mistari ya kelele shusha dB 8 hadi 10, kwa sababu sauti iliyopasuka haitibiki.

Bumu likae juu, nje kidogo ya fremu, sentimita 40 hadi 60 kutoka mdomoni, likielekezwa kifuani. Maiki ndogo ya nguo chini ya kanga husugua. Ibandike kwa plasta ya hospitali juu ya mfupa wa kifua na piga waya kitanzi kimoja ili mwendo usivute kichwa cha maiki. Nje, sponji haitoshi kwa upepo wa Dodoma wa Juni hadi Oktoba. Tumia kifuniko cha manyoya.

Halafu kuna mabati. Chumba kisicho na dari kinatulia alfajiri, lakini jua likishalishika paa bati linatanuka na kuanza kulia: tik, kimya, tik-tik, na kishindo kidogo kama mtu amekanyaga juu. Wingu likipita linasinyaa na kulia tena. Masikio yaliyozoea hayasikii, maiki inasikia yote, na mlio ukianguka katikati ya mstari hauondoki bila kuharibu sauti ya mwigizaji. Tafuta nyumba yenye dari. Ukikosa, chukua mazungumzo ya karibu kabla ya saa 3 asubuhi, na picha za mbali zisizo na maneno ziachie baadaye. Ndiyo, ni kinyume na mazoea ya kuanza na picha pana. Piga picha pana teki moja tu (mchezo mmoja wa sini mbele ya kamera) kwanza ili kila mtu akumbuke mwendo, kisha ingia karibu.

Zima friji na uweke funguo za gari au pikipiki ndani yake, hutaondoka bila kuiwasha. Zima feni. Andika nyakati za adhana na kengele za mtaa na uzipangie mapumziko. Muulize mwenyeji ndege hupita saa ngapi. Kabla ya kuondoka kila lokesheni, wote wasimame kimya na urekodi sekunde 60 za chumba kitupu. Hizo ndizo utakazoziweka chini ya kila mkato.

Siku za kushuti

Nusu siku ya kwanza iwe ya mapenzi, waigizaji wapate kuzoeana. Kutana saa 8 mchana, shuti simu ya Yohana karakanani saa 10 hadi saa 12 jioni, kisha sini ya usiku kuanzia saa 1:15 giza likishatanda. Maliza saa 3 usiku ili watu wapate saa kumi za kupumzika. Siku ya pili fika saa 1 asubuhi, kamera iwake saa 1:45 kwa ugomvi, na baada ya chakula ushuti Sada akiwa peke yake. Siku ya tatu ni msiba asubuhi na kiwanja jioni.

Saba wanatosha: mwongozaji, kameramani, wa saundi, wa taa, msaidizi anayeshika ratiba, wa nguo na mekapu, na mmoja wa kontinyuiti. Huyo wa mwisho hupunguzwa mara nyingi, na ni kosa. Ndiye anayepiga picha kwa simu kila baada ya teki: kikombe kilikuwa na chai kiasi gani, kanga ilifungwa upande gani. Panga lita mbili za maji kwa kila mtu kwa siku, na chakula kifike kwa wakati. Watu wenye njaa wanaharakisha teki ya mwisho, ambayo mara nyingi ndiyo nzuri.

Sini ya msiba

Hapa filamu nyingi huharibika kwa kutaka kuonesha kila kitu: jeneza, kaburi, watu thelathini wanaanguka. Usikodi jeneza. Wenye nyumba wengi hawataki lilale kwao, na mtazamaji hahitaji kuliona. Chagua siku ya kuanua matanga: turubai moja, viti vya plastiki ishirini, wanaume nje, wanawake ndani wamekaa mikekani, sufuria kubwa jikoni, mtu na daftari la rambirambi mezani. Watu kumi na wawili waliopangwa karibu na kamera wanajaza fremu.

Angalia dini ya familia. Yohana na mama yake ni Wakristo kwa mfano wetu. Ukigeuza kisa, akafa mume na mjane akawa Mwislamu, eda ni miezi minne na siku kumi, na huwezi kumtembeza sokoni amejipamba wiki ya pili.

Tangaza mtaani na uweke bango lililo wazi, "TUNASHUTI FILAMU, HAKUNA MSIBA", upande wa barabara. Bila hilo wapita njia wataingia kutoa pole na hata pesa, na watakapogundua watakasirika kwa haki.

Sada apate risiti bila mtu kumweleza. Shangazi anampa koti la Yohana alikunje, karatasi zinaanguka, anasoma tarehe. Kaa usoni kwake. Anatazama nje, Yohana anagawa sahani za ugali, hajamwona. Mkato. Usiongeze sauti ya moyoni wala muziki wa kinanda.

Kuhariri

DaVinci Resolve ya bure inatosha kwa kompyuta yenye nguvu, CapCut kwa simu. Linganisha sauti na picha kwa kofi la mkono ulilopiga mwanzoni mwa kila teki. Mkusanyo wa kwanza utakuwa dakika 13 au 14. Anza kupunguza kwa kukata mlango: ingia sini mtu akiwa tayari ndani, toka kabla hajaondoka. Kisha katika ugomvi, kila penye uso wa msemaji jaribu uso wa msikilizaji. Sauti ya sini inayofuata inaweza kutangulia sekunde moja au mbili kabla ya picha yake, kwa mfano wimbo wa akina mama msibani ukisikika Sada akiwa bado anafunga begi.

Muziki uje mwisho, mpangilio wa picha ukiwa haubadiliki tena. Zeze au ngoma ya muheme ya hapa itakupa sauti ambayo filamu za mjini hazina, lakini kubaliana kwa maandishi na wapigaji na uwalipe. Usibandike Bongo Fleva uliyoipenda. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mwenye wimbo, na YouTube itaibaini. Kazi yako nayo isajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Kwa mtandaoni, wastani wa sauti nzima uwe karibu na -14 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti kinachooneshwa na programu ya kuhariri) na kilele kisivuke -1 dB.

Kuionesha

Kabla ya kufunga, waoneshe watu watano hadi saba ambao hawajasoma skripti, wakiwemo wanawake wenye umri wa mama zako. Uliza matatu tu: Yohana aliuza kwa nini? Ulichoka wapi? Ulimkasirikia nani? Kama wawili hawakuelewa sababu ya kuuza, rudi sini ya pili, tatizo haliko msibani.

Tafsiri za chini ya picha zisizidi mistari miwili, kila mmoja usizidi herufi 42, na zikae angalau sekunde moja. Andaa muhtasari wa maneno 50, picha tatu tulivu kutoka kwenye filamu, na faili moja safi isiyo na maandishi. Baadhi ya matamasha hukataa filamu iliyokwisha kuwekwa mtandaoni, hivyo anza na matamasha, likiwemo ZIFF la Zanzibar, na YouTube ifuate. Tuma ukiwa umeshasoma masharti ya urefu, lugha na tarehe ya mwisho ya kila tamasha, na uweke jina la filamu, mwaka na urefu wake kwenye jina la faili, kwa sababu faili linaloitwa "final_final2" hupotea mezani kwa wapokeaji.